Kahawa ya Masaka, Bei ya London

Mkulima wa Masaka anapofikisha gunia lake la kiboko kwa mnunuzi wa kijijini, yaani kahawa iliyokaushwa pamoja na maganda yake, bei ya siku hiyo huwa imekwisha kufika kabla yake. Mnunuzi ameipata kwa simu kutoka kwa mwenye kinu. Mwenye kinu ameipata kwa kampuni inayosafirisha kahawa nje, ambayo ofisi yake iko Kampala. Na kampuni hiyo imeipata London, ambako soko la robusta hufunguliwa saa tatu asubuhi kwa saa za huko, ambazo kwa Uganda ni saa sita au saa tano mchana kufuatana na majira ya mwaka. Katika mlolongo wote huo hakuna hata mtu mmoja aliyeuliza palizi ya shamba lile iligharimu kiasi gani, wala kama mvua ilinyesha Masaka.

Jambo hili limezoeleka kiasi kwamba wananchi wengi huichukulia bei ya kahawa kama wanavyoichukulia mvua. Hata hivyo bei haishuki kutoka mawinguni. Hupangwa na watu, katika mahali panapojulikana, kwa kanuni zilizoandikwa. Na kanuni hizo zimewahi kubadilishwa zaidi ya mara moja. Kwa hiyo ni vema kueleza jinsi bei hiyo inavyofanywa, na kwa nini hasara yake huwaangukia zaidi watu wale wale kila mara.

Robusta haikuletwa Uganda na wageni. Ni mmea wa asili wa misitu ya upande huu wa Ziwa Viktoria. Zamani sana kabla ya biashara ya nje, watu wa Buganda, na kadhalika jirani zao wa Kagera ng'ambo ya mpaka wa Tanzania, walichemsha buni na kuzitafuna, wakawakaribisha wageni kwazo, na waliokula kiapo cha udugu waligawana buni mbili za tunda moja. Leo robusta ni karibu sehemu nne kwa tano za kahawa yote ya Uganda, na iliyobaki ni arabika ya miteremko ya Elgon, Rwenzori na nyanda nyingine za juu. Kaya zaidi ya milioni moja na nusu hutegemea zao hili, nyingi zikiwa na vishamba vidogo ambamo mibuni huota kivulini mwa migomba. Katika mwaka wa kahawa wa 2023/24 nchi ilisafirisha nje magunia zaidi ya milioni 6 ya kilo 60 kila moja, yenye thamani ya dola za Marekani zaidi ya bilioni 1.3. Bei ikitikisika London, karo za shule hutikisika Masaka na thamani ya shilingi hutikisika Kampala.

Kinachouzwa katika soko la London kwa kawaida si kahawa yenyewe. Ni mikataba ya kahawa ya miezi ijayo. Mkataba mmoja wa robusta ni wa tani 10, sawa na magunia kama 167, nao husema kwamba kahawa ya kiwango fulani itakabidhiwa katika mwezi fulani kwa bei iliyokubaliwa leo. Mikataba iliyo mingi hufutwa kabla ya mwezi huo kufika, kwa kuwa aliyenunua huuza, na aliyeuza hununua, wakalipana tofauti ya bei.

Kazi ya awali ya mikataba hiyo ni ya maana, na haifai kuibeza. Chukua mfano wa kampuni ya Kampala iliyonunua tani 10 za kahawa kwa dola 4,000 kila tani. Kahawa hiyo itapita kinuni, itapakiwa, itasafirishwa hadi Mombasa na kuvuka bahari, na wiki nyingi zitapita kabla ya kulipwa. Bei ikianguka hadi dola 3,500 katika muda huo, kampuni imepoteza dola 5,000. Ili kujikinga, siku ile ile inaponunua kahawa Masaka, kampuni huuza mkataba mmoja London. Bei ikianguka, itapata hasara katika magunia yake, lakini itaununua tena mkataba ule kwa bei nafuu na kupata faida inayoziba pengo. Bei ikipanda, mambo yatageuka kinyume, na mwishowe hesabu italingana. Hivyo kampuni huishi kwa ada ya kazi yake, pasipo kuishi kwa bahati.

Lakini mtu akikimbia hasara, sharti awepo mwingine wa kuipokea. Huyo ndiye mbahatishaji, ambaye hana kahawa wala haihitaji, ila ana fedha na ana maoni yake juu ya bei ya kesho. Kampala ya miaka ya 1970 ingemwita mlanguzi. London na New York humwita mwekezaji. Pengine majina yote mawili yanamzidishia, kwani soko la namna hii haliwezi kwenda bila yeye. Swali la haki ni jingine: ni nani anayeruhusiwa na anayeweza kujikinga, na ni nani anayeachwa nje mvuani?

Kulikuwa na wakati ambapo wakulima waliwekewa kinga ya namna nyingine. Mnamo 1962 nchi zinazolima kahawa na nchi zinazoinywa zilitia sahihi Mapatano ya Kimataifa ya Kahawa. Kila nchi yenye kuuza iligawiwa kiasi cha magunia ambacho isingeruhusiwa kukizidi. Katika miaka ya 1980 shabaha ilikuwa kuiweka bei kati ya senti 120 na 140 za dola kwa ratili moja. Nchini Uganda, Bodi ya Kahawa ilikuwa mnunuzi na msafirishaji wa pekee, na mitambo yake mikubwa ilijengwa Bugolobi, kando ya reli.

Haifai kuipamba kinga hiyo. Mnamo Julai 1975 baridi kali iliunguza mibuni ya Brazili, na kufikia 1977 bei ya dunia ilipita dola 3 kwa ratili, kiwango ambacho hakikuwahi kuonekana. Mkulima wa Uganda hakuuona utajiri huo. Bodi ilimlipa sehemu ndogo tu ya bei, tena kwa kuchelewa, na fedha za kigeni ziliishia mikononi mwa utawala wa Idi Amin. Matokeo yake yalikuwa magendo. Kahawa ilivuka mpaka usiku, na soko la Chepkube, upande wa Bungoma nchini Kenya, likatajirisha watu kwa muda wa msimu mmoja au miwili. Mjini Kampala likazuka jina la mafutamingi kwa wale walionona kwa biashara za namna hiyo. Mkulima alikuwa amekingwa na kuanguka kwa bei, ni kweli; alikuwa amekingwa pia na kupanda kwake.

Tarehe 4 Julai 1989 mgawo wa magunia ulisimamishwa, baada ya nchi wanachama kushindwa kuafikiana. Katika muda wa miezi michache bei ya dunia ilipungua karibu nusu. Uganda, ambayo wakati huo ilipata sehemu iliyo kubwa mno ya fedha zake za kigeni katika kahawa, ilijikuta na hazina tupu. Bodi ikapoteza ukiritimba wake, makampuni binafsi yakaruhusiwa kununua na kusafirisha, na mwaka 1991 ikaundwa Mamlaka ya Maendeleo ya Kahawa ili isimamie ubora na kutoa leseni. Baada ya hapo sehemu ya bei ya nje iliyomfikia mkulima ilipanda sana, na alilipwa taslimu papo kwa papo. Baridi ilipoipiga Brazili tena mwaka 1994, safari hii Masaka ilifaidi, na nyumba za mabati zilizojengwa msimu ule si chache. Katika mwaka wa 1994/95 kahawa iliiletea nchi zaidi ya dola milioni 400.

Kisha upande wa pili wa mizani ukaonekana. Vietnam ilipanda mibuni mingi, Brazili ikapona, na mwishoni mwa 2001 tani ya robusta ilikuwa chini ya dola 400 London. Katika mwaka wa 2001/02 mapato ya Uganda yalishuka chini ya dola milioni 100, ingawa magunia yaliyosafirishwa hayakuwa machache kuliko ya 1994/95. Wakati huo huo ugonjwa wa mnyauko, uliotambuliwa nchini mwaka 1993, ulikuwa ukiua mibuni ya robusta kwa mamilioni. Kwa desturi ya sokoni bidhaa ikiadimika hupanda bei. Lakini London haikushtuka, kwa sababu uhaba wa Uganda pekee hautoshi kuishtua. Mkulima alikosa mti, akakosa na bei.

Hapa ndipo panapostahili kuangaliwa kwa makini. Husemwa mara kwa mara kwamba mkulima mdogo hajui biashara ya mikataba ya miezi ijayo. Anaijua sana. Katika vijiji vya Masaka, na vivyo hivyo ng'ambo ya mpaka katika Kagera ambako desturi hiyo huitwa butura, mkulima mwenye shida huuza kahawa yake ingali maua mtini. Mtoto amefukuzwa shule kwa ajili ya karo, au mgonjwa anatakiwa kupelekwa hospitali, na mavuno yako mbali. Basi mwenye fedha kijijini hulitazama shamba, huyakadiria maua, na kutoa fedha taslimu. Kahawa ikiiva, huja kuichukua.

Ukiuangalia mkataba huo, ni ule ule wa London: bei imekubaliwa leo, na bidhaa itatolewa baadaye. Tofauti iko katika mambo matatu. Kwanza, London wako wanunuzi wengi wanaoshindana, bali kijijini yuko mmoja, naye anaijua shida ya muuzaji. Pili, London mkataba waweza kuuzwa tena kesho mtu akibadili nia. Maua yakishauzwa yameuzwa. La tatu ndilo zito zaidi. Kampuni huuza bei ya kesho ili iikimbie hasara. Mkulima huuza bei ya kesho ili apate fedha ya leo, na kwa sababu hiyo hukubali sehemu ndogo ya thamani, pengine nusu, pengine pungufu ya nusu. Serikali ya Tanzania imeipiga vita butura kwa miaka mingi, na bado ipo. Amri haiwezi kulipa karo.

Mwanzoni mwa karne hii yaliongezeka mambo mengine mapya katika masoko haya. Mwaka 2000 Bunge la Marekani lilipitisha sheria iliyolegeza usimamizi wa sehemu kubwa ya biashara ya mikataba. Mifuko ya pensheni na matajiri wengine, wakitafuta mahali pa kuweka akiba zao, walianza kununua mikataba ya bidhaa zote kwa pamoja kwa kufuata orodha moja: mafuta ya petroli, ngano, mahindi, sukari, kahawa, hata nguruwe. Hawakununua kwa sababu ya habari yoyote juu ya mavuno. Walinunua ili wawe nazo, na mwezi ukikaribia kwisha waliuza ule mkataba na kununua wa mwezi unaofuata. Mwaka 2008 msimamizi mmoja wa fedha, Michael Masters, aliiambia Kamati ya Seneti ya Marekani kwamba fedha za namna hiyo zilipanda kutoka dola bilioni 13 mwishoni mwa 2003 hadi dola bilioni 260 mwezi Machi 2008. Mwaka huo huo bei za nafaka duniani ziliruka, na ghasia za chakula zikazuka katika nchi nyingi.

Wataalamu wa uchumi hawakubaliani juu ya lawama hiyo. Wako wasemao kwamba fedha hizo ndizo zilizopandisha bei. Wengine hutaja ukame, bei ya mafuta, na mahindi ya Marekani yaliyogeuzwa kuwa nishati ya magari. Yaelekea fedha hizo peke yake haziumbi uhaba. Hata hivyo zikiingia au kutoka kwa wingi siku ambayo watu wamekwisha kuingiwa na hofu, huweza kuikuza hofu hiyo, na bei hupanda kupita kiasi kabla ya kurudi.

Mfano wa karibu ni ngano. Uganda hulima ngano kidogo tu, huko Kapchorwa na nyanda chache nyingine za juu, na karibu yote inayoliwa hutoka nje, kwa sehemu kubwa Urusi na Ukraine. Vita ilipoanza Februari 2022, bei ya ngano katika soko la Chicago ilipita dola 12 kwa busheli mwezi Machi, ambapo kabla ya vita ilikuwa kama dola 8. Kufikia Julai ilikuwa imekwisha kurudi karibu na pale ilipoanzia. Waoka mikate wa Kampala, walionunua unga wakati wa hofu na kuulipia kwa dola, hawakuweza kurudi upesi kiasi hicho. Katika siku zizo hizo Indonesia ilizuia kwa wiki kadhaa kuuza nje mafuta ya mawese, na mafuta ya kupikia pamoja na sabuni ya mche vikawa ghali katika kila duka. Siku ya Wafanyakazi mwaka 2022 Rais Museveni aliwashauri wananchi wale mihogo kama mkate haupatikani. Wengi walicheka na wengine walikasirika, lakini ndani ya shauri hilo mlikuwa na ukweli mmoja wa kiuchumi.

Matoke hayana soko la mikataba. Hakuna mtu London au Chicago anayenunua ndizi za Isingiro za mwezi wa Septemba. Bei ya mkungu katika soko la Nakawa au Kalerwe hutokana na mvua, na barabara, na idadi ya malori yaliyofika usiku. Ndiyo sababu mojawapo iliyoifanya Uganda isiumie sana mwaka 2008 kama zilivyoumia nchi zinazokula mchele na ngano za kununua. Kinga hiyo, hata hivyo, ina tundu: lori la matoke huenda kwa dizeli, na dizeli hulipiwa kwa dola, na sehemu kubwa ya dola hizo huletwa na kahawa. Mama wa Kampala aliyenunua matoke asubuhi amegusana na soko la London hata kama hanywi kahawa.

Hali ya miaka ya karibuni imeyaonyesha haya yote kwa pamoja. Ukame wa Vietnam na wa Brazili uliipandisha robusta hadi kupita dola 5,000 kwa tani mwaka 2024, kiwango kilichovunja rekodi, na ikazidi kupanda mwanzoni mwa 2025. Buni zilizokobolewa, ambazo mwaka 2020 zilinunuliwa mashambani Uganda chini ya shilingi 5,000 kwa kilo, zilipita shilingi 10,000. Mtu asikosee kudhani kwamba faida hiyo ilikuwa ya matajiri peke yao; wakulima wengi walipata fedha ambazo hawakupata kuziona. Wezi nao waliingia mashambani usiku, na wenye mashamba wakachuma kahawa mbichi kwa kuogopa kuibiwa, na ubora ukaharibika. Magendo yaligeuka mwelekeo: kahawa ya Kagera, ambako mkulima hutakiwa kuuza kupitia chama cha ushirika, ilitafuta njia ya kuingia Uganda kufuata bei.

Kwa makampuni, kupanda huko kulikuwa na hatari ambayo watu wa nje hawaijui. Aliyeuza mkataba ili kujikinga hutakiwa kuongeza dhamana sokoni kila bei inapopanda, tena siku ile ile, ingawa kahawa yake iliyomo ghalani imepanda thamani pia. Mwishoni mwa 2024 baadhi ya wafanyabiashara wakubwa wa Brazili walilemewa na madai hayo hata wakaomba nafuu ya madeni. Kampuni ndogo ya Kampala, inayokopa benki kwa riba ya juu, haiwezi kabisa kuubeba mzigo wa namna hiyo. Kwa hiyo haijikingi. Badala yake hupunguza bei inayomlipa mwenye kinu, ili ibaki na nafasi endapo soko litageuka. Mwenye kinu humpunguzia mnunuzi wa kijijini, naye humpunguzia mkulima. Hivyo hofu ya kila mmoja hulipiwa na yule aliye mwisho wa mstari.

Mnamo Novemba 2024, baada ya mabishano makali Bungeni na nje ya Bunge, sheria ilipitishwa ya kuiondoa Mamlaka ya Maendeleo ya Kahawa na kuzihamishia kazi zake Wizara ya Kilimo. Hoja za pande zote zilisikika. Lakini chombo kinachosimamia ubora wa buni, kiwe mamlaka au kiwe idara ya wizara, hakina uwezo wa kuipangia London bei. Chenye kuweza kumsaidia mkulima kiko karibu naye zaidi, nacho ni kule kumpa mkopo wa karo kabla hajayauza maua. Sheria ya stakabadhi za ghala imekuwapo tangu 2006: mkulima huweka mazao ghalani, hupewa stakabadhi, na kwa stakabadhi hiyo benki humkopesha huku akingojea bei nzuri. Maghala yenye leseni bado ni machache mno yakilinganishwa na mashamba. Vyama vichache vya ushirika, kama vile muungano wa wakulima wa kahawa wa Ankole, huuza sehemu ya kahawa yao kwa wanunuzi wa biashara ya haki waliokubali kutolipa chini ya kima kilichowekwa, hata siku ambayo London imeanguka.

Februari 2025, bei ya robusta ilipokuwa juu kabisa, kahawa ya msimu mkuu wa Masaka ilikuwa ingali mbichi mtini. Wenye mikataba waliweza kuiuza bei hiyo siku ile ile. Mwenye mti alingoja hadi Mei na Juni ili kahawa iive, ianikwe na kukauka. Kufikia Julai tani ya robusta ilikuwa imeshuka chini ya dola 4,000, na hiyo ndiyo bei iliyofika kijijini kwa simu wakati magunia yalipokuwa yakipimwa.